Mkwaju: Baina ya Hofu ya Shetani na Hofu ya Mungu

Bismillahi Rrahmani Rrahim.

Sifa njema zote ni za Mwenyezi Mungu, aliyeotesha katika ardhi kila mmea kwa kipimo chake. Na Rehema na Amani zimshukie Mtume wetu Muhammad, na Jamaa zake, na Sahaba zake wote. Ama baada ya hayo:

Darasa letu limeletewa masuala mawili na ndugu yetu mmoja, mfanyabiashara wa hapa pwani, ambaye kila mwaka hupanda bara kununua ukwaju katika nchi za Kitui na Makueni na kuuteremsha Mombasa. Kwa kuwa masuala yake yawahusu wengi, tumeona si vyema kumjibu kwa barua peke yake. Tunamjibu hapa, ili faida iwe ya wote.

Suala la kwanza. Asema kuwa katika pande za Kibwezi uko mkwaju mkubwa ambao watu wa hapo wauogopa. Husema una wenyewe, na wako wanaouwekea vyakula na kuutundika vitambaa. Wengine wao si Waislamu, na wengine, kwa masikitiko, ni Waislamu. Vijana wetu kadhaa wameshikwa na ghera ya dini, nao wataka kuukata mti huo ili kuiondoa shirki. Je, waukate?

Suala la pili. Mkulima mmoja aliyezoea kumuuzia ndugu yetu matunda ya mkwaju wake sasa ataka kuuangusha autie tanuri, kwani ana haja ya fedha. Amemwambia: "Mwaka huu hutapata ukwaju, lakini waweza kuchukua makaa." Je, yafaa kuyanunua?

Masuala haya mawili yaonekana mbalimbali, moja la itikadi na moja la biashara. Lakini ukiyatazama vyema ni suala moja, nasi twaomba msomaji afuatane nasi mpaka mwisho, naye atauona umoja wake.

MTI WENYEWE

Mkwaju hauna haja ya kujulishwa kwa watu wa pwani. Wengi wetu tuliujua kwanza chuoni, kwa fimbo zake, kabla hatujaujua kwa matunda yake. Na hata leo mtoto akichapwa husemwa amekula mikwaju. Kisha tukaujua jikoni, katika mchuzi wa samaki, katika achari, na katika viazi karai vinavyouzwa barazani. Zaidi ya yote tumeujua katika Ramadhani, kwani ni nyumba chache za Mombasa, Malindi na Lamu ambazo mwezi huo huwapitia bila ya jagi la maji ya ukwaju kuwekwa pamoja na tende jua linapotua. Mama zetu waliusugulia sinia na birika za shaba zikang'aa, na mbao zake ngumu zilichongwa vinu na michi.

Waarabu waliuita mti huu tamru hindi, yaani tende ya Kihindi, na wataalamu wa mimea wa Ulaya wakalifuata jina hilo wakauita Tamarindus indica. Walakini wataalamu hao hao wasema kuwa asili yake ni Afrika, na kwamba Bara Hindi ulifika zamani sana ukazoea huko. Basi ni mti wa nyumbani uliopewa jina la ugenini. Nao ni mfano wa mambo yetu mengi: tulilo nalo mlangoni hatulithamini mpaka mgeni alipe jina.

Mti huu haukuhusishwa na pwani peke yake. Huota pia katika nchi kavu ya Ukambani, kando ya mito na penye vichuguu. Ndugu zetu Wakamba huuita kithumula, na katika Kitui Magharibi iko wadi ambayo jina lake lina neno hilo hilo. Wao huutia ukwaju katika uji, kama sisi tuutiavyo katika mchuzi. Mizizi yake huenda chini sana kutafuta maji, na kwa hivyo wakati wa kiangazi, miti jirani inapobaki vijiti, aghalabu wewe wauona mkwaju una majani na kivuli, na chini yake wamelala mbuzi, mchungaji wao na mpita njia. Huweza kupanda mita 20 na zaidi. Huota polepole: uliopandwa kwa mbegu aghalabu hauzai kabla ya miaka 7, na penye ukame huchelewa zaidi ya hapo. Lakini ukisha kuzaa, huzaa kwa umri wa aliyeupanda, na wa mwanawe, na wa mjukuu wake.

Na jioni inapoingia, majani yake madogo hujikunja, kila jani na mwenziwe, mpaka asubuhi. Mwenyezi Mungu ametufundisha katika Suratur-Rahman kwamba mimea na miti humsujudia. Namna ya sujudu hiyo twamwachia Yeye. Lakini mwenye kulijua hilo haweza tena kuutazama mti kama autazamavyo asiyejua.

SHIRKI HAIKAI KATIKA MTI

Sasa tuje katika suala la kwanza.

Kuutundika mti vitambaa kwa kuutarajia kheri, kuufukizia ubani, kuuwekea chakula ili wenyewe waridhike, kuutakia mvua, mtoto au mume: yote hayo ni shirki, wala hatuna neno la kuyapunguzia ubaya wake. Mwenye kuleta mvua ni Mmoja. Na kabla hatujamnyooshea kidole jirani yetu Mkamba na mahali pake pa tambiko panapoitwa ithembo, natuyatazame yaliyo kwetu. Ni nani aliyezitundika bendera nyekundu na nyeupe katika mibuyu na mikwaju ya pwani? Ni nani apelekaye halua na marashi penye mizimu usiku, na asubuhi akasimama safu ya mbele msikitini? Yeye Mkamba hakufikiwa na ilimu hii. Sisi tumezaliwa ndani yake. Basi hoja iko juu yetu zaidi kuliko juu yake.

Lakini je, dawa ya shirki hiyo ni shoka?

Imepokewa na Imam Tirmidhi kutoka kwa Abu Waqid al-Laythi kwamba Mtume (Rehema na Amani zimshukie) alipokuwa akienda Hunayn, katika mwaka wa 8 wa Hijra, walipita penye mti wa washirikina ulioitwa Dhatu Anwat, ambao juu yake walitundika silaha zao. Baadhi ya waliokuwa naye, waliosilimu karibuni, wakamwomba nao awawekee mti kama huo. Mtume akastaajabu, akawaambia kwamba ombi lao ni kama lile la watu wa Nabii Musa walipotaka wafanyiwe mungu kama miungu ya wengine. Haikutajwa katika hadithi hiyo kwamba aliuamuru mti ule ukatwe. Alilolikata hapo lilikuwa wazo lililokuwa vifuani mwa watu, na wazo lilipokatika, mti ukabaki mti.

Vijana watatujibu: mbona Khalid bin Walid alitumwa Nakhla akaikata miti ya Uzza? Na mbona imepokewa kwamba Sayyidna Umar aliukata mti watu walioukusudia kwa sala, wakidhani ndio ule wa Baia ya Ridhwani? Hayo ni kweli yamepokewa, wala hatuyakanushi. Lakini natuyafahamu kama wanavyuoni walivyoyafahamu. Khalid alitumwa na Mtume mwenyewe. Umar alikuwa Amiri wa Waislamu, mwenye mamlaka juu ya nchi na watu wake. Ama kijana wa leo si amiri, mti si wake, na shamba si lake. Kuingia shamba la mtu na kuukata mti wake ni dhulma katika mali, na dhulma haigeuki kuwa tawhidi kwa kuwa mwenye kuifanya amesoma juzuu mbili.

Kisha yapo madhara mengine. Mwenyezi Mungu ametukataza katika Suratul-An'am kuwatukania watu wale wanaowaabudu, wasije nao wakamtukana Yeye kwa jeuri na ujinga. Ikiwa ulimi umezuiliwa, shoka litaruhusiwa vipi? Mtakata mti mmoja, na kwa kishindo chake mtakuwa mmefunga masikio ya kijiji kizima yasisikie Uislamu kwa miaka mingi. Na huyo aliyekuwa akiuabudu hakuacha kuabudu: kesho atahamia mti wa pili.

Basi jawabu letu katika suala la kwanza ni hili. Msiukate. Nendeni mkafundishe. Kaeni chini ya mti huo huo mchana, msome Qur'ani, mpumzike, mle matunda yake kwa idhini ya mwenyewe, na wanakijiji wawaone mmeamka salama. Darasa kama hiyo yatosha zaidi ya shoka mia.

TUMEWEKA NINI MAHALI PAKE?

Hapa ndipo masuala mawili yanapokutana, nasi twaomba msomaji atupe moyo wake.

Wazee wa zamani, wa pwani na wa bara, walihifadhi miti mingi kwa hofu isiyokuwa ya haki. Mkamba hakukata mti wa ithembo kwa kuogopa mizimu. Mmijikenda hakukata mti katika kaya zake kwa miiko ya wazee, na misitu hiyo ya kaya ikabaki mpaka ikatiwa katika urithi wa dunia na UNESCO mwaka 2008. Mswahili naye hakuugusa mkwaju wa kiambo kwa kuogopa pepo. Hofu hizo zilikuwa batili, lakini miti ilibaki.

Kisha wakaja wenye ilimu, na sisi tukiwa miongoni mwao, wakasema kweli: mti haudhuru wala haunufaishi ila kwa idhini ya Mungu, hauna pepo wa kuuabudia, usiogope. Watu wakasikia. Hofu ikatoka. Na ilipotoka, mwenye msumeno akaingia.

Natujiulize kwa insafu: tulipoiondoa hofu ya shetani, tuliweka nini mahali pake? Tulimwambia mtu kwamba mti hauna mwenyewe miongoni mwa majini. Je, tulimwambia kwamba una Mwenyewe aliyeuumba, na kwamba ataulizwa kwa ajili yake? Tuliishia nusu ya somo. Tulimfundisha "hapana mungu", tukasahau kumfikisha "ila Allah". Itakuwa fedheha kubwa kwetu ikiwa hofu ya shetani iliweza kuulinda mti kwa miaka mia, na hofu ya Mungu, tunayodai kuwa nayo, ikashindwa kuulinda mwaka mmoja.

Na wala dini yetu haikuacha jambo hili bila ya mafunzo. Mtume aliufanya mji wa Madina kuwa mahali patakatifu, miti yake isikatwe; wala hakuna aliyeiabudu miti ya Madina kwa sababu hiyo. Bukhari na Muslim wamepokea kutoka kwa Anas kwamba Mwislamu akipanda mti, kisha akala kwao ndege, au mtu, au mnyama, huandikiwa sadaka. Imam Ahmad amepokea kwamba Kiyama kikisimama na mmoja wetu ana mche mkononi, basi akiweza aupande. Katika Muwatta wa Imam Malik, Sayyidna Abubakar alipompeleka Yazid bin Abi Sufyan vitani alimuusia asikate mti wenye kuzaa. Hiyo ni vita, na katika nchi ya adui. Je, katika amani, na katika nchi ya jirani?

Na karibu zaidi na suala letu ni hadithi aliyoipokea Abu Dawud yenye onyo la moto kwa mwenye kukata mkunazi. Alipoulizwa maana yake, Abu Dawud alieleza kwamba ni yule akataye mkunazi wa nyikani, ambao wapita njia na wanyama hupata kivuli chake, naye akaukata bure na kwa dhulma, pasipo haki yoyote. Ukitoa neno mkunazi ukatia mkwaju, wauona mkwaju wa Mutomo, wa Ikutha, na wa Makindu, na mchungaji na mbuzi wake wakiwa chini.

KATIKA MAKAA

Sasa suala la pili.

Hatusemi kuwa makaa ni haramu. Mwenyezi Mungu mwenyewe ameutaja katika Surat Yasin moto utokao katika mti wa kijani kuwa ni dalili ya uwezo Wake, na katika Suratul-Waqia ameufanya kuwa ni manufaa kwa wasafiri. Mtu kuukata mti wake kwa haja yake ni haki yake. Wala hatumlaani mkulima. Katika Ukambani mvua za masika na za vuli zikikosekana hakuna mshahara wa mwisho wa mwezi. Na tangu mwisho wa mwaka 2020 hadi 2022 misimu 5 mfululizo ilipungua katika nchi hizi. Mtu aliyeona mahindi yake yamekauka, na mwanawe amerudishwa kutoka skuli kwa ajili ya karo, akauangusha mkwaju wake, huyo ana udhuru mbele ya Mola wake, na sisi tulioshiba si wa kumhukumu.

Neno letu tunamwelekezea mnunuzi. Katika tanuri la udongo kama litumikavyo huko, kilo 10 za kuni hutoa kilo 1 au 2 tu za makaa. Zilizobaki huwa moshi na majivu. Mti uliopewa na Mungu miaka 60 ya kukua huisha katika majiko ya mji kwa muda wa siku chache. Na baada ya hapo mkulima hana ukwaju mwaka huu, wala mwaka kesho, wala mwanawe hanao. Fedha aliyoipata imekwisha, na haja yake imerudi. Wakati wa kiangazi, shamba lisipokuwa na kitu, mkwaju ndio uliokuwa akiba yake.

Serikali ya kaunti ya Kitui iliyaona haya, na mwaka 2018 ikakataza makaa kuchukuliwa nje ya kaunti. Twaziheshimu sheria za namna hiyo. Lakini twajua kwamba askari mmoja hawezi kusimama katika kila njia usiku, na kwamba gari haliendi pasipo na mnunuzi anayelingojea. Sheria hufika barabarani. Taqwa hufika jikoni.

Basi jawabu letu kwa ndugu yetu ni hili. Kwa fatwa, kuyanunua makaa ya mti uliokatwa na mwenyewe kwa ridhaa yake, mahali ambapo sheria haikukataza, si haramu. Ama kwa wara'a na kwa haki ya ujirani, asiyanunue, na alifanye lililo bora kuliko hilo: amkopeshe mkulima huyo fedha aliyoihitaji, pasipo riba, amlipe kwa ukwaju wa msimu ujao kwa bei ya siku hiyo. Mkulima ataponyoka katika dhiki, mti utabaki, biashara itabaki, na thawabu ya mkopo mwema itabaki, iliyo kubwa kuliko zote. Tahadhari moja tu: asikatae bei ya siku kwa kuwa alimkopesha. Mkopo wenye kuvuta faida ndio riba yenyewe, hata ikivaa kanzu ya ihsani.

KATIKA MIZANI

Na kwa kuwa tumetaja bei, hatuwezi kupita bila ya neno la mizani. Kwani mkwaju mwingi umekufa kwa mizani kabla ya kufa kwa shoka.

Mkulima hupima mti wake kwa akili nyepesi: ukisimama wanipa nini, na ukianguka wanipa nini? Mnunuzi wa pwani akija na gunia lililoshonewa kilemba juu, akalijaza mpaka likawa gunia na nusu, kisha akalipa bei ya gunia moja, huyo amempa mkulima sababu ya kuchukua msumeno. Hakuushika yeye, lakini amemnolea. Suratul-Mutaffifin ilishuka kwa watu wa namna hii, ambao wakijipimia hutimiza na wakiwapimia wengine hupunguza, na neno la kwanza katika sura hiyo ni la maangamizo. Na Nabii Shuaib aliwaonya watu wake wasiwapunguzie watu vitu vyao. Hakusema vitu vya Waislamu. Alisema vitu vya watu. Haki ya Mkamba asiyeswali katika mizani ni kama haki ya imamu wa msikiti.

Kadhalika muuzaji wa mjini asichanganye ukwaju na mchanga na kokwa ili uzidi uzito. Mtume alitia mkono katika chungu ya nafaka sokoni, akakuta chini imeloa, akamwambia mwenyewe kwamba mwenye kughushi si katika sisi.

Na faida moja ya fiqhi kwa wafanyabiashara: katika madhehebu yetu ya Imam Shafii, zaka ya matunda ni katika tende na zabibu tu, na ukwaju hauna zaka kwa mwenye kuuvuna. Lakini aununuaye kwa kuuza, mali yake ikitimiza nisabu na mwaka ukipita, ana zaka ya biashara, 2.5 katika kila 100. Hiyo nayo yapunguza dhiki bara na pwani, lau ingetolewa.

UJIRANI ULIO KATIKA MAJI

Huenda msomaji wa Mji wa Kale akasema: mti wa Kitui wanihusu nini? Kitui ni mbali.

Si mbali kama udhanivyo. Kabla ya reli na barabara, misafara ya Wakamba iliteremka kwa miguu na pembe za ndovu mpaka Rabai na Mombasa, na miongoni mwa wakubwa wao alikuwa Kivoi wa Kitui, aliyetembelewa na mmisionari Krapf mwaka 1849. Babu zetu walifanya biashara na babu zao, wakachanganyika na kuoana. Miji kama Kitui, Kibwezi, Makindu na Mtito Andei ina misikiti na Waislamu mpaka leo.

Na zaidi ya damu na biashara, yako maji. Mto Athi hupita baina ya Makueni na Kitui. Ukikutana na mto Tsavo huitwa Galana, na ukiteremka zaidi huitwa Sabaki, mpaka ukaingia baharini kaskazini ya Malindi. Penye Baricho, kando ya Sabaki, ndipo yachotwapo maji yanywewayo Malindi, Kilifi na sehemu ya Mombasa. Na maji ya chemchemi za Mzima, yaliyoletwa Mombasa kwa bomba tangu miaka ya 1950, asili yake ni mvua inyeshayo juu ya vilima vya Chyulu, ambavyo sehemu yake imo Makueni. Basi wewe unayesema Kitui ni mbali, waswali kwa udhu wa maji yaliyotoka kwao.

Na watu wa Malindi waijua bahari yao wakati wa mvua, inavyogeuka rangi ikawa nyekundu kama matofali. Hiyo si rangi ya bahari. Ni udongo wa bara, ulioachwa wazi kwa kukosa mizizi ya kuushika. Kila mti wenye mizizi mirefu unaoangushwa kando ya mito ile ni mkono mmoja umeachia. Mwenyezi Mungu ametuambia katika Suratur-Rum kwamba uharibifu umedhihiri barani na baharini kwa yale yaliyochumwa na mikono ya watu. Mwenye kutaka tafsiri ya aya hiyo kwa macho, nasimame Sabaki mwezi wa Mei.

LIPASALO

Ilimu isiyo na amali ni mti usio na tunda. Basi twawausia ndugu zetu mambo manne.

La kwanza, mwenye nyumba aulize makaa yake yametoka wapi na ni ya mti gani, na akiona mti wenye kuzaa umegeuzwa biashara, auache mkono wake. Na mwenye uwezo wa kupika kwa gesi au kwa umeme ana udhuru mdogo zaidi.

La pili, mnunuzi wa ukwaju apime kwa haki na alipe bei itakayomfanya mkulima auone mti wake uliosimama kuwa na thamani kuliko ulioanguka. Hiyo ndiyo hirizi ya mkwaju, wala hauna haja ya hirizi nyingine.

La tatu, kila msikiti na kila chuo chenye nafasi, pwani na bara, kipande mkwaju na kuuweka wakfu. Katika madhehebu yetu yafaa kuweka wakfu mti kwa ajili ya matunda yake, yakaliwa na wanafunzi au yakauzwa kwa mafuta ya taa na misahafu. Kazi yake ni nyepesi: mbegu hulowekwa majini usiku kucha, hutiwa katika mfuko wa udongo, na mche hupandwa mvua za vuli zinapoanza, kwani huko Ukambani ndizo za kutegemewa zaidi. Kisha uzungushiwe miba, mbuzi wasiufikie. Atakaye mafunzo zaidi, Taasisi ya Utafiti wa Misitu ya Kenya ina kituo Kitui kinachoshughulikia miti ya nchi kavu. Asiseme mzee, "Sitaishi nikala ukwaju wake." Aliyepanda ule ulao wewe naye hakukujua.

La nne, kivuli chake kitunzwe. Mtume ametuonya na mambo mawili yaletayo laana, kujisaidia katika njia ya watu na katika kivuli chao. Mti uliokuwa ukiwekewa ubani jana usiwe jalala leo. Kwani hapo watu watasema kwamba makafiri waliuheshimu na Waislamu wakaunajisi.

Enyi ndugu zetu, tawhidi haikuja kuivua dunia heshima yake. Ilikuja kuirudisha heshima hiyo kwa Mwenyewe. Mshirikina aliuona mti akausujudia. Mwenye tamaa aliuona akauhesabu magunia. Muumini huuona akamkumbuka aliyeuumba, akala tunda lake, akasema alhamdulillah, na akauacha umesimama kwa atakayekuja baada yake.

Ewe Mola wetu, tufanyie neno letu kuwa kama mti mwema, ambao shina lake ni thabiti na matawi yake yako juu. Wateremshie ndugu zetu wa Kitui na Makueni mvua ya rehema isiyo ya dhara, na ututie baraka katika maji yetu na yao. Tuepushe na shirki ya dhahiri na ya siri, na tuepushe na dhulma katika mizani. Amin.

Wabillahi tawfiq. Wassalamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh.